Halmashauri ya kijiji imekalia ombi lako: Mahakama Kuu inaweza kuilazimisha iamue?

Swali: "Naishi kijiji cha kando ya ziwa wilayani Magu. Tarehe 11 Machi 2025 nilipeleka ombi la hatimiliki ya kimila kwa shamba la ekari tatu nililolima na marehemu mume wangu, na bado nalilima. Mwezi Septemba halmashauri ya kijiji ikaniandikia inataka mchoro wa mipaka na saini za majirani. Nilivipeleka tarehe 15 Septemba 2025, nakala yangu ikapigwa muhuri. Tangu hapo naambiwa 'njoo wiki ijayo'. Mjumbe mmoja anasema wanasubiri ukoo wa mume wangu uridhie. Mwanangu amesoma kwamba kule India mahakama huiamuru serikali ijibu maombi ya wananchi. Na huku kwetu ipo? Nianzie wapi?"

Jibu: Ndiyo mama, ipo. Mahakama Kuu ya Tanzania ina uwezo wa kukiamuru chombo cha umma kitimize wajibu kilichopewa na sheria pale kinapoukwepa au kinapoukalia. Amri hiyo huitwa mandamasi. Msingi wake uko kwenye Sura ya 310 ya sheria zetu, ambayo jina lake linataja ajali za vifo lakini ndani yake ndimo mlimowekwa mapitio ya mahakama, yaani Mahakama Kuu kukagua vitendo na maamuzi ya vyombo vya umma. Utaratibu wake uko kwenye kanuni za mwaka 2014, Tangazo la Serikali Na. 324. Mahakama ya Mwanzo haiwezi kutoa amri hii, wala Mahakama ya Wilaya, wala Baraza la Ardhi na Nyumba. Ni Mahakama Kuu tu, na wewe wa Magu utafungua Mwanza.

Kabla hatujafika kwenye karatasi, elewa unachokwenda kuomba, maana wengi huanguka hapa. Jaji hatakupa shamba wala hataandika jina lako kwenye hati. Ataiambia halmashauri ya kijiji: kaeni, amueni ombi la huyu mama ndani ya siku kadhaa, mumjibu kwa maandishi. Wakikaa wakakataa kwa sababu halali, amri itakuwa imetekelezwa. Kwa hiyo ombi lako mahakamani lisomeke "iamuriwe kuamua ombi la tarehe fulani", lisisomeke "iamuriwe kunipa hati". Ukiandika la pili, Mawakili wa Serikali watasema unaitaka mahakama ifanye kazi ya kijiji, na watasikilizwa.

India aliyoitaja mwanao ni mfano mzuri, ila una pande mbili. Huko Mahakama Kuu za majimbo hutumia Ibara ya 226 ya Katiba yao, na amri za "amueni barua ya huyu" ni za kila siku. Zilizidi hata Mahakama ya Juu ikalazimika kuzisemea. Mwaka 2006, katika shauri la A.P. SRTC dhidi ya G. Srinivas Reddy, ilizitaka mahakama za chini ziseme wazi zinaposema "fikirieni": je, chombo kifikirie upya kwa kufuata yale mahakama iliyokwisha kuyaamua, au kifikirie chenyewe kwa mara ya kwanza? Mwaka 2008, katika shauri la C. Jacob, likaja onyo jingine. Mtumishi aliyeachishwa kazi mwaka 1982 aliandika barua ya kulalamika mwaka 2000, miaka 18 baadaye, akaomba barua hiyo ijibiwe. Mahakama ikasema kuijibu barua hakufufui dai lililokwisha kuzeeka. Shika hilo la pili, kwa sababu na kwetu muda ndio unaoua maombi mengi kuliko udhaifu wa haki yenyewe.

Sasa wewe una bahati ambayo wengi hawana: sheria inayokuhusu imetaja siku. Sheria ya Ardhi ya Vijiji, Na. 5 ya mwaka 1999, kifungu cha 23, inaiagiza halmashauri ya kijiji iamue ombi ndani ya siku 90 tangu lilipowasilishwa, au ndani ya siku 90 tangu ilipopewa taarifa za ziada ilizozitaka. Kifungu cha 22 kinairuhusu kudai taarifa za ziada, na inapozisubiri haina wajibu wa kuamua. Anayesubiri leseni au barua nyingine ambayo sheria haikuitajia siku hubaki akibishania ni muda gani ni "wa kuridhisha". Wewe unahesabu kwa kalenda.

Tuhesabu basi. Ombi la 11 Machi 2025 lilifikisha siku 90 tarehe 9 Juni 2025. Kanuni za 2014 zinataka maombi ya kibali cha kufungua mapitio yapelekwe ndani ya miezi sita tangu kitendo kilipofanyika au wajibu ulipoachwa. Ukihesabu kutoka hapo, muda uliisha tarehe 9 Desemba 2025, na leo Februari 2026 ungekuwa umechelewa. Ila barua ya Septemba inabadilisha hesabu. Walidai taarifa za ziada, ukazipeleka tarehe 15 Septemba, kwa hiyo siku 90 mpya zilitimia tarehe 14 Desemba 2025. Miezi sita kutoka hapo inaishia tarehe 14 Juni 2026, ambayo ni Jumapili. Usiisubiri. Lenga mwisho wa Aprili, ili samansi (hati ya kufungulia maombi) ikirudishwa kwa kasoro ubaki na wiki za kuirekebisha.

Unaona basi kwamba karatasi mbili ndizo zinazolibeba shauri lako: barua yao ya kudai mchoro, na nakala yako yenye muhuri wa 15 Septemba. Zitolee nakala, asili zisitoke nyumbani. Kama barua yao huna na ulichonacho ni muhuri tu, mwambie wakili mapema, maana upande wa pili unaweza kudai hawakuomba lolote na saa ilianza Machi. Hapo utajenga hoja kwamba wajibu wa kuamua haukuisha na unaendelea kuvunjwa kila siku, au utaomba kwanza kuongezewa muda. Njia zote mbili ni ngumu. Kwenye kuongezewa muda, Mahakama ya Rufani imeshikilia tangu shauri la Bushiri Hassan dhidi ya Latifa Lukio Mashayo kwamba lazima ueleze kila siku uliyochelewa, hata ikiwa moja. Na usidhani barua mpya ya kukumbushia itakuanzishia miezi sita mipya. Barua hizo ni ushahidi wa kufuatilia, kazi ya kusogeza tarehe haziwezi.

Masharti ya mandamasi yaliwekwa vizuri hapa hapa Mwanza, mwaka 1986, na Jaji Mwalusanya katika shauri la John Mwombeki Byombalirwa dhidi ya Mkuu wa Mkoa na Kamanda wa Polisi wa Mkoa, Bukoba. Mpaka leo mawakili wa pande zote hulitaja. Kwa ufupi: uwe ulidai wajibu utimizwe na ukakataliwa, wajibu uwe wa umma, umetokana na sheria, na ulikuwepo wakati unaombwa, uwe wa lazima, si jambo ambalo mhusika ana hiari ya kulifanya au kuliacha, wewe uwe na maslahi ya kutosha, na pasiwe na njia nyingine inayofaa.

Katika hayo, lililobaki mikononi mwako ni la kwanza. Kwenda ofisini kila wiki na kuambiwa urudi si dai mbele ya jaji. Andika barua ya kudai uamuzi wiki hii. Iwe ukurasa mmoja, kwa Mwenyekiti wa Halmashauri ya Kijiji kupitia Mtendaji wa Kijiji, nakala kwa Mtendaji wa Kata na Mkurugenzi Mtendaji wa Halmashauri ya Wilaya. Taja tarehe ya ombi, Kumb. Na. ya barua yao ya Septemba, tarehe uliyopeleka mchoro, na kwamba siku 90 za kifungu cha 23 zilitimia tarehe 14 Desemba. Kisha sema waziwazi: naomba halmashauri iamue ombi langu na kunijulisha uamuzi kwa maandishi ndani ya siku 30. Sheria haikutaja idadi hiyo. Siku 30 zinatosha halmashauri kukaa walau mara moja, kwa kuwa hupaswa kukutana kila mwezi. Acha matusi, acha tuhuma za rushwa hata kama unazo, hizo zina mlango wake. Barua yenye tuhuma huwapa kisingizio cha kujibu tuhuma badala ya ombi.

Namna ya kuipeleka ina uzito sawa na yaliyomo. Nakala yako ipigwe muhuri wa mapokezi wenye tarehe, na aliyepokea aandike jina na cheo. Mtendaji akikataa kugonga muhuri, tuma kwa EMS ya Posta na utunze risiti, nakala ya wilayani uipeleke mwenyewe masjala ya halmashauri, ambako barua huandikwa kwenye rejista. Ukimya baada ya siku hizo unaweza kuhesabiwa kuwa kukataa. Ujumbe wa simu kutoka kwa mtendaji unaosema "subiri" usiufute. Upige picha pamoja na namba na tarehe.

Huku unasubiri, tafuta ombi limekwama wapi hasa. Kwa maombi ya namna hii, mara nyingi halijakwama kwa mtu mmoja mwenye roho mbaya. Sheria hiyo hiyo, kifungu cha 8, inaikataza halmashauri ya kijiji kutoa hatimiliki ya kimila kabla Mkutano Mkuu wa Kijiji haujaridhia. Mkutano Mkuu unatakiwa kila miezi mitatu, lakini vijiji vingi huahirisha kwa kukosa akidi, hasa msimu wa kilimo au dagaa wanapokuwa wengi na watu wako mialoni. Ombi linakaa kwenye faili linasubiri mkutano ambao hauitwi. Hilo haliwaondolei wajibu, ila linabadilisha unachoomba: wakili aongeze kwamba halmashauri iamuriwe pia kuitisha Mkutano Mkuu na kuliweka ombi lako kwenye ajenda. Amri isiyotaja mkutano itarudi na jibu kwamba "tunasubiri mkutano".

Kuujua ukweli huo, tumia Sheria ya Haki ya Kupata Taarifa, Na. 6 ya mwaka 2016. Omba kwa maandishi nakala ya muhtasari wa vikao vya halmashauri ya kijiji vilivyogusa ombi lako na tarehe za Mikutano Mikuu iliyofanyika tangu Machi 2025. Wanapaswa kujibu ndani ya siku 30. Barua hii iende siku moja na ile ya kudai uamuzi, zisisubiriane. Unaweza pia kulalamika Tume ya Haki za Binadamu na Utawala Bora, ambayo hupokea malalamiko ya utawala mbovu bila ada. Ni njia nzuri, nami nawashauri watu waijaribu, lakini miezi sita haisimami kwa sababu Tume inachunguza. Shauri likishafika mahakamani, Tume huliacha.

Suala la ukoo lisikupite. Kuna mambo mawili ndani yake. La kwanza, Sheria ya Ardhi ya Vijiji inaitaka halmashauri iyape maombi ya wanawake uzito ule ule inaoyapa ya wanaume, na kifungu cha 20 kinabatilisha mila inayomnyima mwanamke umiliki au matumizi halali ya ardhi. Kusubiri ridhaa ya ukoo kwa sababu tu mwombaji ni mjane si sababu ya kisheria. La pili ni tofauti: kama shamba lilikuwa la marehemu, halmashauri ina haki ya kuuliza mirathi imeishaje. Ikiwa hukufungua mirathi, fungua Mahakama ya Mwanzo upate Fomu Na. IV ya usimamizi, kisha mgawo ufanyike. Bila hiyo, swali la "wewe una maslahi gani" litakufuata Mwanza. Ikiwa mlilima pamoja kama mlivyopewa na kijiji nyote wawili, tafuta karatasi au shahidi wa ugawaji huo.

Siku 30 zikipita bila uamuzi, unaingia hatua ya kibali. Hapa hushindani bado. Unaomba ruhusa tu. Zinahitajika samansi ya chemba, maelezo ya mwombaji (jina na wasifu wako, unachoomba, sababu zake), na kiapo kinachothibitisha mambo ya kweli, na vielelezo nyuma yake. Mahakama ya Rufani katika shauri la Emma Bayo dhidi ya Waziri wa Kazi ilieleza kinachotazamwa: kama kuna hoja ya kubishaniwa, kama umekuja ndani ya miezi sita, na kama una maslahi ya kutosha. Kanuni zinasema maombi haya husikilizwa upande mmoja, lakini usishangae Wakili wa Serikali akiitwa.

Kibali kikitoka, una siku 14 tu za kufungua maombi yenyewe ya mapitio. Watu hushangilia kibali, wanakwenda nyumbani kutafuta hela ya wakili, siku ya 15 wanafunga milango yao wenyewe. Hati za hatua ya pili ziandikwe kabla kibali hakijatoka. Zinafanana kwa sehemu kubwa na za kwanza, na huruhusiwi kuingiza hoja mpya isiyokuwa kwenye maelezo bila ruhusa ya mahakama.

Wajibu maombi, yaani wanaolalamikiwa, ni Halmashauri ya Kijiji yenyewe, si mwenyekiti kwa jina lake wala "ofisi ya mtendaji", pamoja na Mwanasheria Mkuu wa Serikali. Sura ya 310 inataka Mwanasheria Mkuu aitwe. Ukimsahau, pingamizi la awali litakungoja mlangoni. Ile notisi ya siku 90 unayoisikia kwenye kesi dhidi ya Serikali ni ya kesi za madai, tusiichanganye na haya. Ukimsikiliza anayekwambia uitoe kwanza, utajikuta umekula nusu ya miezi sita yako.

Kiapo ndicho kinachoanguka mara nyingi. Kibebe mambo uliyoyaona na kuyafanya: nilipeleka, nilipokewa, niliambiwa na fulani tarehe fulani. Hoja za sheria na sala kwa mahakama zisiwemo. Kanuni hiyo ni ya tangu shauri la Matovu la Uganda la mwaka 1966 na bado hukata viapo. Mwishoni pawe na uthibitisho unaosema aya zipi unazijua mwenyewe na zipi umeambiwa na nani, na sehemu ya kamishna wa viapo ionyeshe mahali na tarehe. Muhuri usio na tarehe umeshaua maombi mazuri.

Nyaraka hufunguliwa kwa mfumo wa kielektroniki wa Mahakama, na ada hulipwa kwa kontroli namba. Lugha ya mahakama tangu mabadiliko ya mwaka 2021 ni Kiswahili, kwa hiyo huna sababu ya kukubali kusaini kiapo cha Kiingereza usichokisoma. Unaweza kusimama mwenyewe, lakini uandishi wa hatua hizi mbili unahitaji wakili. Wasaidizi wa kisheria walioko wilayani watakusaidia kupanga nyaraka na kukuelekeza kwa watoa msaada wa kisheria wenye mawakili, ila wao hawaruhusiwi kukuwakilisha mahakamani. Mweleze pia wakili aangalie namba za vifungu kwenye Toleo la Sheria la 2023, lililoanza kutumika tarehe 1 Julai 2025. Hapa nimetumia namba zilizozoeleka.

Jambo moja la eneo lenu. Sheria ya Usimamizi wa Mazingira ya mwaka 2004, kifungu cha 57, inazuia shughuli za kudumu ndani ya mita 60 kutoka ukingo wa ziwa. Ziwa Victoria lilipanda sana mwaka 2020 na tena 2024, na mashamba yaliyokuwa mbali na maji yamejikuta karibu. Pima sasa. Kama kipande cha shamba kimeingia ndani ya mita 60, halmashauri inaweza kukikataa kihalali hata baada ya amri ya jaji. Ni afadhali mchoro wako ukionyeshe na ombi lidai sehemu iliyobaki, kuliko wakukatalie ekari zote tatu kwa sababu ya ukanda mmoja.

Wakikataa baada ya amri, dai sababu kwa maandishi. Tangu shauri la James Gwagilo la mwaka 1994 mahakama zetu zimesisitiza kwamba uamuzi unaogusa haki ya mtu uwe na sababu. Kukataa huko ni uamuzi mpya wenye miezi yake sita mipya, na safari hiyo utaomba utenguliwe badala ya kuomba uamuliwe.

Na wakinyamaza? Chukua nakala ya amri iliyotiwa muhuri wa Mahakama, si uamuzi uliochapishwa tu. Mpelekee mwenyekiti moja na mtendaji moja, kupitia afisa wa kupeleka nyaraka za mahakama, naye aape kiapo cha kuwasilisha. Hesabu siku zilizotajwa ndani ya amri kuanzia tarehe hiyo. Zikiisha, wakili anarudi mbele ya Mahakama iliyotoa amri na maombi ya kudharau amri ya mahakama, na safari hii mwenyekiti na mtendaji wanatajwa kwa majina yao, waje wenyewe waeleze kwa nini wasiadhibiwe. Bila kiapo cha kuwasilisha watasema hawakuiona, na maombi hayo hayatafika popote.